Mashine Uliyonunua Kariakoo Ina Historia Yake

Kijana mmoja wa Tabata kanitumia picha ya skrini na maneno haya: "Kaka shikamoo. Nimenunua kompyuta Kariakoo, i5, RAM 16, kadi nzuri tu. Nimeshusha Valorant kwa bando la usiku, nafungua, naletewa VAN 152. Sijawahi kuchiti hata siku moja. Nifanyeje?"

Marahaba mdogo wangu. VAN 152 maana yake mashine yenyewe ndiyo iliyofungiwa, akaunti yako haihusiki. Kuna mtu aliichezea akachiti, Vanguard, programu ya gemu la Valorant inayokamata wanaochiti, ikaiandika, akaiuza. Hata ufungue akaunti kumi mpya, zote zitagonga ukuta uleule.

Ujumbe wa aina hii unanikera, kwa sababu wanaouliza ni haohao wanaotaka kufika mbali kwenye mashindano. Wanajua kila kona ya ramani, wanajua risasi ngapi zinaua kwa umbali gani, lakini programu inayowachunguza kuanzia kompyuta inapowaka hawajui hata inatazama nini. Basi tuitazame.

Programu ya kuchiti kazi yake ya kwanza ni kusoma. Gemu huweka kwenye RAM mahali alipo kila mchezaji, afya yake na upande anaotazama. Programu nyingine ikipata ruhusa ya kusoma eneo hilo la RAM, inaweza kukuchorea adui aliye nyuma ya ukuta. Ikipata ruhusa ya kuandika pia, au ya kuendesha kipanya, unapata eimboti: bunduki inajilenga yenyewe. Windows inatoa ruhusa hiyo kwa programu yoyote iliyofunguliwa na mwenye kompyuta. Kwa hiyo mlinzi wa kwanza alikuwa anapita kwenye RAM akitafuta alama za chiti zinazojulikana, kama antivairasi inavyotafuta virusi. VAC ya Valve, wenye Counter-Strike na Steam, iliyoanza 2002, ilijengwa juu ya wazo hilo, na haifungii papo hapo. Inaweza kukukamata leo na kukufungia baada ya siku au wiki kadhaa, ili aliyeandika ile chiti asijue ni alama gani iliyomuumbua. Ndiyo maana ukisikia mtu anatamba kwamba chiti yake "haikamatwi, natumia mwezi wa pili huu", muache.

Wanaochiti wakahamia chini zaidi, kwenye kerneli. Hapo ndipo Windows yenyewe na draiva zake (programu zinazoendesha vifaa) zinapoishi, na programu ya kawaida haioni kinachoendelea huko. Chiti ikishakaa kwenye kerneli, mlinzi aliye juu anadanganywa kirahisi: akiuliza nani anasoma RAM, anajibiwa hakuna mtu. Walinzi nao wakashuka. BattlEye ya Ujerumani, Easy Anti-Cheat iliyotokea Finland na kununuliwa na Epic Games mwaka 2018, Ricochet ya Activision ya 2021, wote wana draiva ya kerneli. Draiva hiyo inaiomba Windows iijulishe kila programu nyingine inapotaka kuigusa gemu, kisha inaikata ruhusa ya kusoma kabla haijaipata.

Vanguard ya Riot, iliyokuja na Valorant mwaka 2020, iliongeza jambo moja lililozua kelele. Draiva yake, vgk.sys, inaamka pamoja na Windows, hata kama huna mpango wa kucheza siku hiyo. Sababu ni ya kimlinzi kabisa: askari anayefika getini saa mbili asubuhi hawezi kukuhakikishia nani aliingia saa kumi na moja alfajiri. Ukiizima kwenye kona ya skrini, Valorant haitafunguka mpaka uwashe kompyuta upya. Siyo hitilafu. Imelinda tangu mwanzo au haijalinda.

Je, mlinzi mwenyewe ni wa kuaminika? Mwenye wasiwasi ana haki. Mwaka 2022 ilibainika kwamba wahalifu walitumia draiva ya ulinzi ya Genshin Impact, mhyprot2.sys, kuzima antivairasi kwenye mitandao waliyoivamia, na waathirika hawakuhitaji hata kuwa na hilo gemu. Na Julai 2024 apdeti moja mbovu ya CrowdStrike, ambayo ni ulinzi wa maofisini na inakaa kwenye kerneli vilevile, iliangusha kompyuta zipatazo milioni 8.5 duniani. Ushauri wangu hapa ni mfupi: kompyuta ya gemu iwe ya gemu. Mambo ya benki na ya ofisini yafanyie kwingine kama unaweza.

Sasa turudi Kariakoo.

Mlinzi akikufungia vifaa, anachukua utambulisho wa mashine: namba za mazabodi, namba za diski, anwani ya kadi ya mtandao, na pale penye TPM (chipu ya usalama), ufunguo uliozaliwa nayo ambao huwezi kuubadilisha. Kampuni hazitangazi mchanganyiko kamili, na zina sababu. Kupiga Windows upya hakufuti chochote kati ya hivyo. Fundi akikuambia "nakuformatia inaisha", anakula hela yako.

Hatari haiko sawa kwa kila mashine. Dell na HP za ofisini zilizotoka Ulaya kwa makontena ni nadra kuwa zimefungiwa, maana zilikuwa mezani kwa karani. Shida yao ni nyingine, nitaifikia. Za kuogopa ni kompyuta za gemu zilizotumika, zenye taa na kioo ubavuni, pamoja na mazabodi na SSD zinazouzwa peke yake. Hizo muulize muuzaji zilikuwa zinachezewa gemu gani. Akisita, andikianeni siku tatu za kurudisha, na ndani ya siku hizo ingia Valorant, kwa sababu VAN 152 haijitokezi mpaka gemu lifunguliwe. Dai risiti ya EFD. Karatasi yake inafifia haraka, ipige picha palepale dukani. Ikitokea umeuziwa mashine iliyofungiwa, risiti yenye tarehe ndiyo utakayoambatisha ukiwaandikia Riot kueleza kwamba umeinunua juzi. Jibu lao siwezi kukuahidi, lakini malalamiko yasiyo na tarehe ni hadithi tu.

Ukiwa bado umesimama kaunta, fanya haya. Yanachukua dakika tatu na hayali bando. Bonyeza Windows na R, andika msinfo32. Tafuta mstari wa BIOS Mode: unataka usome UEFI, njia mpya ya kuwasha kompyuta. Ukisoma Legacy, ile njia ya zamani, kuna kazi mbele. Chini yake tazama Secure Boot State, yaani kama ulinzi unaohakiki kinachowashwa umewashwa. Kisha Windows na R tena, tpm.msc, na mwisho wa dirisha usome toleo la TPM: 2.0. Tangu 2021 Vanguard kwenye Windows 11 inadai TPM 2.0 na Secure Boot, na ukikosa unaletewa VAN 9001 au VAN 9003. Hapa ndipo zile mashine za ofisini zinapoanguka. Nyingi za kizazi cha tatu na cha nne cha Intel zina TPM 1.2, na hakuna fundi wa kukupandishia kwa maneno. Kwa Intel, lenga kizazi cha nane kwenda juu: i5-8400, i5-8500 na kuendelea.

La mwisho pale kaunta: fungua Command Prompt kama msimamizi, andika slmgr /xpr. Ukiambiwa uhalali unaisha tarehe fulani isiyozidi siku 180 mbele, kwenye mashine ambayo si ya ofisi yenye seva yake, Windows hiyo imewezeshwa kwa kichochoro cha KMS, yaani bila leseni halali. Baadhi ya vichochoro hivyo, na zile Windows "nyepesi" zilizochongwa na watu wa mtandaoni, huacha mlango wa kujaribia draiva ukiwa wazi au hubadilisha faili za mfumo. Dalili ya mlango huo ni maandishi "Test Mode" kwenye kona ya chini kulia. Easy Anti-Cheat ikikuta hivyo inagoma, au inakuandikia kwamba faili fulani ya System32 haiaminiki. Mlango unafungwa kwa bcdedit /set testsigning off, kisha unawasha upya. Faili zilizoharibika unaanza na DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth, halafu sfc /scannow. Kwa Windows iliyochongwa usipoteze usiku wako, weka safi.

Umeshanunua na BIOS Mode inasoma Legacy? Usiformati kwanza. Hifadhi vitu vyako nje, fungua Command Prompt kama msimamizi, andika diskpart, kisha list disk, uone namba ya diski yenye Windows. Safu ya GPT ikiwa haina nyota, diski ni ya mpangilio wa zamani. Toka diskpart, andika mbr2gpt /validate /disk:0 /allowFullOS, ukiweka namba ya diski yako. Ikikubali, rudia amri hiyohiyo ukibadilisha validate kuwa convert. Ikikataa, sababu ya kawaida ni kwamba diski imegawanywa vipande vinne, au ina vipande vya ndani ya kipande. Mbr2gpt inataka visizidi vitatu. Mafundi wetu wanapenda kugawa diski C, D, E, F kama chapati, na hapa ndipo unapolipia.

Baada ya kubadilisha, zima, ingia BIOS, mipangilio ya mazabodi yenyewe (Dell ni F2, HP ni F10), badilisha Legacy kuwa UEFI, zima CSM (inayoruhusu uwashaji wa zamani), ndipo uwashe Secure Boot. Ukigeuza mfuatano huu wa hatua, mashine haitaiona Windows na utadhani umeiua. Kadi za picha za enzi ya GTX 600 na za kabla yake nyingi hazielewi UEFI kamili: ukizima CSM skrini inabaki nyeusi. Ikitokea, chomoa umeme, toa betri ya BIOS dakika tano, irudishe, na ujue kadi hiyo ndiyo kikwazo chako. Kwenye Gigabyte unaweza kuwasha Secure Boot na bado ikasomeka "Not Active". Rudisha funguo za kiwandani kwenye ukurasa huohuo. TPM nayo ipo kwenye BIOS kwa majina mengine, Intel huiita PTT na AMD huiita fTPM. Kabla ya kuigusa hakikisha BitLocker, kufuli la diski la Windows, haijawashwa, au uandike ufunguo wake wa kurejesha mahali pa kudumu.

Wenye Ryzen, prosesa za AMD, waliokuwa wanapata mikwaruzo ya sauti na gemu kuganda kwa sekunde fTPM ikiwa imewashwa: AMD walirekebisha 2022 kupitia apdeti ya BIOS. Ila usiapdeti BIOS bila UPS. Umeme wa mtaani kwako unaujua mwenyewe.

Na hapo kwenye umeme kuna jambo dogo linalosumbua wengi bila wao kujua. Mashine iliyotumika miaka minane huwa na betri ya BIOS iliyokufa, ile bapa ya CR2032, volti 3. Umeme ukikatika, saa inarudi nyuma miaka, na mipangilio ya BIOS inarudi ya kiwandani. Jana ulicheza vizuri, leo VAN 9003, na kurasa za mtandao zinalalamika kuhusu vyeti. Watu wanalaumu Vanguard. Badilisha betri, weka saa sawa, washa Secure Boot tena. Multimita ikisoma chini ya volti 2.8, tupa.

Joto la Dar nalo linatuletea programu za kuongoza feni na taa. Nyingi zilijengwa juu ya draiva ya zamani iitwayo WinRing0, yenye udhaifu unaojulikana tangu 2020, na walinzi huizuia kwa sababu chiti hupenda kupitia draiva dhaifu zenye sahihi halali. Programu ya feni ikikataa ghafla baada ya kuweka gemu, usizime ulinzi. Panga feni ndani ya BIOS yenyewe.

Kuhusu intaneti, tulia. Pingi (ucheleweshaji wa mtandao) ya 180 kwenda seva za Ulaya haimfungii mtu, itakufanya ufe nyuma ya ukuta tu. Faili zikiharibika kwa sababu ya mtandao kukatika katikati ya apdeti, kwa gemu za Steam tumia ukaguzi wake wa faili. Unashusha zilizoharibika tu, hauli gigabaiti 60 upya.

Kwa wenye gemu senta, nyie mna hatari kuliko mchezaji wa nyumbani. Dogo mmoja mwenye flashi anaweza kukuunguzia kiti kizima, na wateja wote wa baadaye wa kiti hicho watalipa. Wateja waingie kwa akaunti ya Windows isiyo ya msimamizi. Fungeni flashi. Andikeni kwenye daftari nani alikaa kiti gani saa ngapi. Na namba yenu ya simu msiikopeshe kusajilia akaunti za Steam za watu: Counter-Strike ikimfungia mmoja, akaunti zote zilizokuwa na namba hiyo siku hiyo zinakwenda naye.

Kijana wa Tabata, mazabodi yako ndiyo ya kwanza kushukiwa, kisha SSD. Una risiti? Kama unayo, rudi dukani kesho asubuhi kabla muuzaji hajaanza kusahau sura yako.