Mnaoanza kuandika habari za waigizaji wa filamu bubu, msiishie kwenye picha

Ukitaka kuandika juu ya mwigizaji wa kike wa filamu bubu, zile za zamani zisizo na sauti, mkono wako utakimbilia picha zake kwanza. Wengi huanzia hapo na kuishia hapo. Ushauri wangu: anzeni na kazi alizofanya kamera ikiwa imezimwa.

Mchukueni Gene Gauntier, mzaliwa wa Missouri, ambaye leo hata kwao Marekani wanaomkumbuka ni wachache. Alianza kuigiza mwaka 1906, kisha akaingia kampuni ya filamu ya Kalem. Filamu yake ya kwanza ilitaka atupwe mtoni, naye hajui kuogelea, akatupwa. Kisa kitamu, ila tumekipata kwake mwenyewe, katika kumbukumbu zilizoanza kutoka jaridani mwaka 1928. Zisomeni, lakini anasimulia mambo ya miaka 20 nyuma, na mtu akijisimulia hajipunji.

Ushahidi mzito uko mahakamani. Mwaka 1907 alipewa kazi ya kuandika skripti ya Ben Hur, filamu fupi sana iliyotokana na riwaya nene ya Lew Wallace. Hakuna aliyeomba ruhusa. Siku hizo kampuni za filamu zilichota hadithi za watu kama maji ya mto. Wachapishaji, Harper & Brothers, wakashtaki. Kesi ikapanda hadi Mahakama ya Juu ya Marekani, na mwaka 1911 Kalem ikashindwa. Kuanzia hapo ikawa wazi kwamba kukigeuza kitabu kuwa filamu bila idhini ni kuvunja hakimiliki. Kwangu mimi, skripti hiyo moja ina uzito kuliko nusu ya alizoigiza.

Msishangae mkilikosa jina lake kwenye filamu za awali. Kabla ya 1910 hivi, kutaja waigizaji hakukuwa desturi. Fuateni kampuni, mwongozaji na mahali. Ukimfuata Sidney Olcott, mwongozaji wa Kalem, utamkuta Gauntier Ireland mwaka 1910, kisha Misri na Palestina, walikopiga From the Manger to the Cross, iliyotoka 1912. Aliandika skripti, akaigiza Bikira Maria. Filamu hiyo ipo hadi leo. Itazameni, hasa pale Yusufu na Maria wanapopita na piramidi halisi nyuma yao.

Filamu nyingi za wakati huo zimepotea, kwa kuwa ukanda wa nitrati, uliotumika kupigia filamu siku hizo, huoza na hushika moto upesi. Kwa hiyo msimpime mtu kwa zilizobaki tu.

Jambo jingine: mwisho wake. Aliondoka Kalem akaanzisha kampuni yake pamoja na Olcott na mumewe, Jack J. Clark, kisha yeye na mumewe wakahamia kampuni ya Universal mwaka 1915. Waandishi wavivu humalizia hapo kwa kusema “alitoweka”. Hakutoweka. Alihamia kwenye uandishi wa magazeti, na aliishi hadi 1966, akafia Mexico. Mkiishiwa na filamu, fungueni magazeti ya Kansas City ya mwaka 1919.