Nimenunua nyumba mnadani, mwenyewe amekwenda kortini: je, nisitishe malipo?

SWALI: Hujambo, Wakili? Nilinunua nyumba Donholm kwenye mnada wa benki kwa shilingi milioni 9. Nililipa asilimia 25 siku hiyo hiyo, nikapewa siku 90 za kumaliza. Sasa mwenye nyumba wa zamani ameshtaki benki na mimi nimeunganishwa kwenye kesi. Anadai hakupewa ilani, nyumba imeuzwa kwa bei ya kutupa, na mkewe hakuridhia iwekwe rehani. Bado wanaishi humo. Je, nisitishe malipo hadi kesi iishe? – Dada msomaji, Nairobi

JIBU: Sijambo, dada. Nianze na malipo kwa sababu ndiyo yenye tarehe: usisitishe. Kesi kufunguliwa hakuzuii chochote. Kinachozuia ni amri ya mahakama, na kama hujaiona ikiwa na muhuri, siku zako 90 zinaendelea kuhesabiwa. Zikiisha kabla hujalipa milioni 6.75 zilizobaki, masharti ya kawaida ya minada hii huiruhusu benki kubaki na milioni 2.25 zako na kuinadi nyumba upya. Toa ile karatasi uliyotia saini mnadani, usome tarehe ya mwisho na adhabu ya kuchelewa. Ikiwa amri ya kuzuia ipo kweli, wakili wako aiandikie benki mara moja ili muda usogezwe kwa maandishi. Ahadi ya afisa wa mikopo kwenye simu haitakusaidia.

Sasa tuje kwa madai yenyewe. Mdaiwa, yaani huyo mwenye nyumba wa zamani aliyekopa benki, ana haki ya kuikomboa mali yake kwa kulipa deni hata asubuhi ya mnada. Nyundo ikishaanguka, mkataba kati yako na benki umefungwa, na mahakama zetu zimeshikilia mara nyingi kwamba haki hiyo ya kukomboa hukomea hapo.

Kuhusu ilani, sheria inataka apewe miezi 3 ya kulipa, kisha siku 40 za kuarifiwa kwamba mali itauzwa. Dalali wa mnada naye humpa siku 45, halafu mnada haufanyiki kabla ya siku 14 kupita tangu tangazo la kwanza la gazetini. Huenda mojawapo ilirukwa kweli. Lakini kifungu cha 99 cha Sheria ya Ardhi ya 2012 hakikulazimishi wewe mnunuzi kuuliza kama ilani zilitolewa. Hata ukijua kabla ya kukamilisha ununuzi kwamba kuna kasoro, bado unalindwa, na mdaiwa aliyeumizwa hudai fidia kwa aliyeuza. Ulinzi huo huvunjika penye ulaghai, uongo au hila ya benki ambayo uliijua au ulipaswa kuijua. Kwa hiyo kama kuna mtu wa benki aliyekunong'oneza kabla ya mnada bei ya chini kabisa ambayo benki ingekubali, mwambie wakili wako leo. Asije akalisikia jambo hilo mara ya kwanza ukiwa kizimbani unahojiwa.

Dai la bei lina uzito kuliko la ilani. Kifungu cha 97 kinaitaka benki itafute bei bora inayoweza kupatikana. Mali ikienda kwa asilimia 25 au zaidi chini ya bei ya soko, huchukuliwa kwamba benki imekiuka wajibu wake mpaka ionyeshe vinginevyo, na mdaiwa anaweza kuiomba mahakama itangaze mauzo kuwa batili. Piga hesabu: ikiwa nyumba kama yako hapo Donholm huuzwa milioni 12, milioni 9 zako ziko kwenye mstari kabisa. Ikiwa huuzwa milioni 10, una nafasi ya kupumua. Itisha nakala ya ripoti ya mthamini ambayo bei ya chini ya mnada ilitokana nayo. Haifai kuwa imepitisha miezi 12 siku ya mnada. Ikiwezekana, ajiri mthamini wako mwenyewe mapema.

La mke ndilo ningelishughulikia wiki hii. Nyumba ya ndoa haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenzi, na hapa hoja si namna benki ilivyouza, bali kama ilikuwa na rehani halali ya kuuzia. Usikitegemee kifungu cha 99 peke yake kwa hilo. Omba nakala ya hati ya rehani pamoja na ridhaa ya mke, ambayo kwa kawaida huambatana na kiapo. Ikiwa ipo na saini ni yake, dai linasinyaa. Ikiwa haipo, hapo tu ndipo ningekushauri ujadiliane na benki urudishiwe amana yako, zile milioni 2.25, na riba, kwa maandishi, kabla ya siku 90 kwisha.

Pia, mnada hausafishi hati mbovu. Mwaka 2023 Mahakama ya Juu, katika kesi ya Dina Management dhidi ya Kaunti ya Mombasa, ilikataa kumlinda mnunuzi kwa sababu ardhi ilitolewa kinyume cha sheria tangu mwanzo. Fanya upekuzi kwenye Ardhisasa, mtandao wa serikali wa rekodi za ardhi, na umtake wakili afuatilie historia ya ploti tangu ilipogawiwa.

Kuhusu waliomo ndani, nyumba za mnada huuzwa zilivyo na zilipo, na benki kwa kawaida haikuahidi kukukabidhi ikiwa tupu. Ushuru wa stempu hapa Nairobi ni asilimia 4, yaani 360,000 kwa bei yako, na malimbikizo ya kodi ya ardhi mara nyingi humwangukia mnunuzi, kwa hiyo yatengee pesa. Hati ikishakuwa kwa jina lako, wape ilani ya maandishi ya miezi 3 chini ya kifungu cha 152E cha Sheria hiyo hiyo ya Ardhi, nakala ziende kwa naibu kamishna wa kaunti na kwa mkuu wa polisi wa eneo hilo. Wakikaidi, nenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi uombe amri ya kuwatoa pamoja na fidia ya muda waliokaa. Usikate umeme, wala usitume vijana wang'oe milango. Utawapa kesi dhidi yako ambayo leo hawana.