Maswali ya Wasomaji: Je, Beit al-Ajaib Liliangushwa na Umri?

SWALI: Ndugu Mhariri, nilifundisha shule mjini Unguja kwa miaka mingi, na niliwapeleka wanafunzi wangu Beit al-Ajaib, lile jumba la kale la masultani lililofanywa makumbusho, kuutazama mtepe, yaani jahazi la mbao zilizoshonwa kwa kamba, uliowekwa katika ua wa ndani. Tangu jumba hilo lilipoporomoka, nawasikia watu wakisema kwamba umri wake ulikuwa umefika. Je, ni kweli kuwa nyumba ya mawe huchoka kama mwili wa mwanadamu? Nauliza pia kwa sababu fundi ametushauri tuipige lipu ya saruji nyumba yetu ya urithi iliyopo Mji Mkongwe, ili ipate kudumu.

JIBU: Mwalimu, umri peke yake hauiangushi nyumba ya mawe. Beit al-Ajaib lilijengwa mwaka 1883 kwa amri ya Sultani Barghash bin Said, liwe jumba la sherehe, na halikuwa jengo dhaifu hata kidogo. Tarehe 27 Agosti 1896, manowari za Uingereza zilipoupiga mizinga ufuo wa Forodhani, jumba jirani la Beit al-Hukm lilibomoka lisijengwe tena, ilhali Beit al-Ajaib lilisalimika kwa madhara madogo. Mnara uliosimama mbele yake ndio ulioharibika, na mwaka 1897 mnara mpya wa saa ukajengwa kwenye jumba lenyewe. Ndiyo maana picha za kabla ya hapo zinalionyesha jumba lenyewe bila mnara juu yake.

Adui wake alikuwa maji. Nyumba za kawaida za Mji Mkongwe hujengwa kwa mawe ya matumbawe, chokaa na boriti za mikoko, na kwa kuwa boriti ni fupi, vyumba vyake huwa vyembamba. Barghash alitaka kumbi pana, kwa hiyo pamoja na boriti zilitumika sakafu za zege zilizobebwa na mihimili ya chuma, jambo lililokuwa geni kabisa Zanzibar. Paa likivuja, boriti huoza. Chuma nacho hushika kutu katika hewa ya bahari, kikavimba na kulipasua zege linalokizunguka. Onyo halikukosekana: mwaka 2012 sehemu ya roshani ilianguka na makumbusho yakafungwa, mwaka 2015 ikafuata sehemu ya paa, na tarehe 25 Desemba 2020, matengenezo yaliyofadhiliwa na Oman yakiwa yanaendelea, upande mkubwa wa jumba ukaporomoka na watu wawili wakafariki dunia. Kuyaita hayo uzee, kwa maoni yangu, ni kuifuta ile miaka minane iliyopita kati ya onyo la kwanza na msiba.

Kuhusu nyumba yenu, nakusihi usiukubali ushauri wa saruji. Ukuta wa matumbawe hunywa unyevu kutoka ardhini na kwenye mvua, kisha huutoa kupitia lipu ya chokaa jua linapowaka. Saruji ni ngumu kuliko jiwe lenyewe na huuziba ukuta usipumue, hivyo maji na chumvi hubaki ndani, na chumvi hiyo inapoganda hulisaga jiwe likawa unga huku uso wa nje ukionekana mzuri. Baada ya misimu kadhaa lipu hubanduka vipande vipande, nayo huondoka na jiwe.

Tafuteni fundi anayeijua chokaa, ambaye ataizima kwa maji mapema na kuiacha majini kwa wiki kadhaa, aichanganye na mchanga usio na chumvi, kisha aipake kwa tabaka nyembamba akizinyunyizia maji zisikauke upesi. Kabla ya kazi yoyote ombeni kibali cha Mamlaka ya Uhifadhi na Uendelezaji Mji Mkongwe, kwa kuwa mji wote umo katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO tangu mwaka 2000. Na kabla hata ya kuigusa lipu, mpandisheni fundi juu alitazame paa na mifereji yake, aing'oe miche iliyoota katika nyufa, kisha azigonge boriti pale zinapoingia ukutani, maana ncha hizo zilizofichika ndizo huanza kuoza, na anayekaa chini ya dari haoni kitu.