Anayeongoza jumba la sanaa, nionyesheni kwanza stoo yake

Ndugu Mhariri,

Wiki iliyopita mliuliza: anayeongoza jumba la sanaa awe mtu wa sanaa au mtu wa fedha na utawala? Mkaweka na picha ya marehemu Koyo Kouoh, mwandaaji wa maonyesho mzaliwa wa Cameroon, kana kwamba yeye ni shahidi wa upande wa wasanii. Swali limenigusa pabaya. Nimefanya kazi miaka mingi katika jumba moja la sanaa hapa Dar es Salaam, nikitengeneza fremu na kutundika picha, na wakurugenzi nimewaona wakija na kuondoka.

Jibu langu la haraka: awe mtu wa sanaa. Asiyejua kwa nini kinyago cha mpingo hupasuka kikiwekwa mbele ya kiyoyozi, au kwa nini picha ya Tingatinga ya rangi ya enameli haiguswi na kitambaa chenye thina, asikabidhiwe ufunguo wa nyumba ile. Nimewaona waliohamishiwa kwenye utamaduni kama watu waliopewa adhabu, wakikaa wanasubiri barua ya uhamisho mwingine. Kuta zikabaki na picha zilezile mpaka watoto wa shule wakazikariri.

Lakini Kouoh hawafai wasanii kama shahidi. Alizaliwa Douala mwaka 1967, akakulia Zurich, na alichosomea ni biashara na benki. Akafanya kazi ya ustawi wa jamii na wanawake wahamiaji kabla hajahamia Dakar, na huko mwaka 2008 akaanzisha RAW Material Company, mahali pa maonyesho, masomo na mijadala. Mwaka 2019 ndipo akachukua Zeitz MOCAA ya Cape Town, lile ghala la nafaka la miaka ya 1920 lililogeuzwa jumba la sanaa mwaka 2017. Nyumba ilikuwa imetikisika: mkurugenzi wa kwanza alikuwa ameondoka mwaka uliotangulia, na wengi walikuwa wakiuliza jumba lile ni la nani hasa. Nitarudi kwake. Nataka kwanza nieleze jambo la kwetu.

Kwetu tulikuwa na mkurugenzi mchoraji, mzee tuliyempenda sana. Alimjua kila msanii kuanzia Mwenge mpaka Msasani, na wazazi wao pia. Vijana walikuja na picha kwapani, akazitazama moja moja chini ya mwembe, akawaambia ukweli bila kuwavunja moyo. Nyumba ilikuwa hai. Stoo sasa! Picha zilisimamishwa sakafuni, uso kwa uso, zetu na za watu mle mle. Wengine waliacha kazi zao baada ya onyesho wakisema watazifuata, na hakuna aliyeandika popote. Ukitaka picha fulani unamuuliza Mzee, naye anafumba macho anakumbuka. Mara nyingi alikumbuka.

Alipostaafu tukaletewa mama mmoja aliyetoka benki. Wasanii walinuna, na mimi nilikuwa miongoni mwao. Kwa muda mrefu hakufungua onyesho hata moja. Alitutaka tutoe kila kitu stoo. Kila kazi ikapigwa picha, ikapimwa, ikapewa namba kwa penseli nyuma, ikaandikwa kwenye rejista: ya nani, imeingia lini, ina ufa wapi, imekaa rafu ipi. Alinunua mapaleti ili kitu chochote kisiguse sakafu. Wengine wakawa wanasema ametugeuza makarani wa godauni. Mchongaji mmoja alimwambia mbele ya watu kwamba hapa hatuhesabu magunia. Hakumjibu, akaendelea kuandika.

Ikaja masika. Usiku mmoja mlinzi akatupigia simu: mfereji wa bati umeziba kwa majani ya mwarobaini, maji yanapita ukutani. Tulipofika umeme ulikuwa umekatika. Mama alikuwa keshafika, kanga begani, tochi mkono mmoja na rejista mkono wa pili, akisoma rafu kwa rafu nasi tukitoa. Karatasi kwanza. Halafu hadibodi, kwa sababu ikinywa maji huvimba kingo na rangi ikabanduka. Turubai zikafuata. Mpingo utasubiri, akasema, nami nikashangaa amejifunza lini.

Hapo likatokea jambo ambalo sijalimaliza moyoni. Kwenye rafu moja kulikuwa na hadibodi mbili zilizokaribiwa na maji. Moja ilikuwa mali ya jumba, kazi ya mkongwe ambayo wageni walikuja kuiona. Nyingine ilikuwa ya kijana asiyejulikana, aliyoiacha baada ya onyesho la pamoja. Nilishika ya mkongwe. Mama akaniambia, "Weka. Cha mtu kwanza." Nikambishia palepale, maji yakiwa kwenye vifundo vya miguu, kwamba kitu bora ndicho huokolewa kwanza. Akarudia maneno yaleyale, bila kupandisha sauti. Tukatoa ya kijana. Tuliporudi, ya mkongwe ilikuwa imelowa pembe ya chini, na pembe ile imevimba mpaka leo.

Mzee mchoraji asingefanya vile. Angeibeba kazi bora bila kufikiri, na mimi ningemsifu. Hata sasa mkono wangu ungeenda kwa mkongwe. Ila habari ile ilienea. Wachongaji waliokuwa wamenuna wakaanza kuleta kazi zao wenyewe, hata zile walizokuwa wanazificha nyumbani kwa kuogopa zitapotea kwetu. Yule wa magunia alileta kinyago cha baba yake.

Sasa narudi kwa Kouoh. Mwaka 2020, baada ya jumba lake kufungwa kwa sababu ya korona, lilifunguliwa tena kwa onyesho la kazi ambazo wakazi wa Cape Town walizitoa kwenye kuta za nyumba zao, karibu 2,000. Wakazi wamempa mgeni picha ya sebuleni! Hilo kwangu ni kubwa kuliko hata onyesho lake la 2022, When We See Us, alilolikusanya kutoka miaka 100 ya uchoraji wa watu weusi, akamweka mchoraji mkongwe wa Afrika Kusini, Gerard Sekoto, nyumba moja na binti yetu Sungi Mlengeya. Watu waliona amana yao itarudi.

Najua mtaniletea Okwui Enwezor, yule mwandaaji wa maonyesho mzaliwa wa Nigeria. Naye hakusomea sanaa, alisomea siasa, na jicho lake lilikuwa la ajabu: mwaka 2015 alikuwa Mwafrika wa kwanza kuandaa Biennale ya Venice, maonyesho makubwa ya sanaa ya kimataifa. Aliongoza jumba la sanaa la Haus der Kunst la Munich, Ujerumani, tangu 2011, lakini miaka ya mwisho nyumba ilibanwa na fedha, akaondoka 2018 akiwa mgonjwa. Simlaumu. Nasema jicho pekee halilipi umeme wa stoo.

Kwa hiyo, ingawa nimeanza kwa kusema awe mtu wa sanaa na siyafuti maneno yangu kuhusu wanaosubiri uhamisho, nafasi ikitangazwa kesho na walioomba ni wale wawili niliofanya nao kazi, kura yangu nampa mama wa benki. Kwa masharti. Awe na mwandaaji wa maonyesho mwenye mamlaka ya kweli ya kuchagua kitu cha kutundika, asiyelazimika kuomba ruhusa ya kila msumari. Na bajeti ya mifereji isikatwe kulipia ngoma za ufunguzi. Hayo yakikosekana, mrudisheni Mzee chini ya mwembe, nami nitashika rejista mwenyewe.

Msomaji wenu, Dar es Salaam