Barua kwa mwanangu: huyo Sim wako anachoka saa mbaya

Mwanangu,

Salamu kutoka Dodoma. Upepo ni ule ule, vumbi linaingia hata kwenye kabati la vyombo, na bibi yako anakusalimu, anasema mbukwenyi, kwa Kigogo. Ujumbe wako nimeusoma mara mbili. Unasema kwenye The Sims 4, ile gemu ya kuendesha maisha ya watu wa kubuni wanaoitwa Sim, umemwingiza Sim wako kwenye kazi ya uanamichezo, anapiga mazoezi kila siku mpaka usiku wa manane, lakini wiki mbili za gemu zimepita bado anavaa lile vazi la kinyago cha timu, hapandi cheo. Na unauliza akifika ngazi ya 5 achague tawi lipi.

Kwa ulivyoeleza, mazoezi anapiga ya kutosha, tena yamezidi. Tatizo ni saa anayoyapiga. Kazi ile haimhesabii mtu jasho la jana usiku. Inamhesabia hali aliyonayo anapotoka mlangoni kwenda kazini, na wako anatoka akiwa na misuli inayouma.

Kwanza tuelewane kazi yenyewe ilivyo. Ina ngazi 10. Nne za mwanzo kila mtu anapita humo humo: mbeba maji, mtunza chumba cha kubadilishia nguo, kinyago cha timu, halafu nahodha wa kikundi cha dansi. Ndiyo, nahodha wa dansi, usicheke. Wewe uko ya tatu. Gemu ilipotoka Septemba 2014 kazi hii haikuwemo, iliongezwa bure Desemba mwaka huo huo, na tangu Oktoba 2022 gemu ya msingi nayo ni ya bure. Kwa hiyo usishawishike kununua vifurushi vya nyongeza ukidhani ndivyo vitakavyokupandisha. Kila unachohitaji kimo humo ndani.

Fungua dirisha la kazi ulisome polepole, najua wengi hulifunga haraka. Kuna mstari wa utendaji, ambao lazima ujae. Kuna masharti ya kupanda, mara nyingi kiwango fulani cha ujuzi wa mazoezi, na hilo nalo lazima litimie. Mstari ukijaa na sharti halijatimia, hupandi. Sharti likitimia na mstari uko nusu, hupandi vilevile. Kuna kazi ya siku, ambayo kwa mwanamichezo ni kufanya mazoezi kabla ya zamu. Na kuna hisia inayotakiwa: kwenye kazi hii ni ile iliyoandikwa Energized, yaani mwili umechangamka. Wewe kazi ya siku unaimaliza, ujuzi unao, lakini Sim anaingia kazini akiwa na hisia nyingine, ndiyo maana mstari unasogea kama gari moshi la mizigo.

Hisia za Sim hupatikana kwa kujumlisha. Kila jambo linalompata linamwachia alama ndogo yenye muda wake, na kundi lenye jumla kubwa ndilo linalotawala sura yake. Tuseme amepata alama 1 ya kuchangamka kutoka bafuni, lakini ana alama 2 za maumivu ya misuli kutokana na mashine ya usiku. Maumivu yanashinda, na ile ya bafuni imepotea bure. Sim mwenye kiwango cha chini cha mazoezi huchoka upesi: ukimwacha kwenye mashine muda mrefu anapata ile hali ya mwili kuuma, na huondoka nayo kazini. Kadiri ujuzi unavyopanda ndivyo anavyovumilia zaidi, kwa hiyo adhabu hii inawaumiza zaidi wanaoanza, ambao ndio wenye pupa.

Furaha nayo ina tabia yake. Alama za furaha haziipingi ile hisia nyingine, zinaiongezea nguvu. Chumba chenye picha nzuri ukutani na sofa safi kinampa Sim alama ya furaha kwa kukaa tu humo, na ile furaha inaingia kwenye jumla ya kuchangamka. Ndiyo maana nitakuambia ununue picha kabla ya mashine.

Sasa asubuhi yake. Tuchukulie zamu inaanza 9:00 AM kwenye saa ya gemu, saa tatu kwetu. Angalia saa zako mwenyewe kwenye dirisha la kazi, kwa sababu hubadilika ukipanda cheo, na siku za mapumziko nazo hubadilika. Kwenye mwendo wa kawaida saa moja ya Sim ni dakika moja yako, siku nzima ni dakika 24, kwa hiyo haya yote ni muda wa kuchemsha chai.

Alale mapema, saa tatu usiku, aamke saa kumi na moja alfajiri nguvu zikiwa zimejaa. Akiamka aende chooni, ale. Mpe chakula cha kushiba, si kuokoteza. Saa kumi na mbili na nusu aanze mazoezi, na afanye mpaka karibu saa mbili. Usiangalie saa peke yake, angalia alama zake. Ile ya mwili kuuma ikianza kuonekana, mtoe hata kama ni saa moja na nusu. Hapo kazi ya siku imeshatimia, usafi wake umeshuka kwa jasho, na hilo ndilo unalolitaka, kwa sababu hatua inayofuata ni bafu.

Bonyeza bafu la kusimama, lakini usichague la kawaida. Chagua Brisk Shower. Hilo linamsafisha na kumpa alama ya kuchangamka kwa mara moja. Lifanye la mwisho kabisa, nusu saa hivi kabla hajaondoka kwenda kazini. Ukimwogesha saa kumi na mbili halafu akafanya mazoezi, anatoka ananuka, na alama ya bafu imeshaanza kuisha. Mpangilio ule ule, ukigeuzwa tu, unakupa matokeo mengine kabisa.

Wakati yuko kazini ukibonyeza picha yake utaona namna za kufanya kazi: kawaida, kwa bidii, kwa kujilegeza, kuzoeana na wenzake. Bidii inajaza mstari haraka lakini inamrudisha nyumbani amekazana kwa msongo. Itumie siku ambayo ameondoka mahitaji yake yote sita yamejaa, na jioni hiyo mwache acheze au aangalie televisheni, asiguse mashine. Siku aliyoamka vibaya, mwache afanye kawaida. Kama hali ni mbaya sana tumia siku ya likizo ya malipo aliyojikusanyia. Kukosa kazi bila likizo kunaupunguza mstari uliohangaika kuujaza, na ukirudia sana anafukuzwa.

Vifaa. Sim mmoja anaanza na Simoleoni 20,000, yaani pesa za humo kwenye gemu, na umeniandikia ulitumia karibu nusu yake kwa mashine. Hiyo ningeirudisha dukani leo. Kukimbia barabarani ni bure, unabonyeza tu ardhi na kuchagua. Kwenye mji wa gemu wa Willow Creek kuna jimu inaitwa Movers & Shakers, Oasis Springs kuna Burners & Builders, zote anaingia bila kulipa. Pesa yako iende kwenye kitanda kizuri, kwa sababu kitanda cha bei kinarudisha nguvu kwa saa chache, na zile saa ndizo zinazokupa asubuhi ndefu. Baada ya kitanda, bafu. Baada ya bafu, picha mbili za chumbani. Mashine ije ngazi ya 5 au ya 6, mshahara ukishakuwa wa kueleweka.

Ukifika kununua, ujue kwamba mashine ya kukimbilia inapunguza mafuta ya mwili, ya vyuma inaongeza misuli. Ukitumia moja tu Sim anabadilika umbo upande mmoja, ama mwembamba kama ufito wa mtama ama kipande cha mtu. Kwa ujuzi zote zinafaa.

Kama bado hujamzoea sana huyu uliye naye, unaweza kuanza na mpya ukampa sifa ya Active, yaani mpenda mazoezi. Mwenye sifa hiyo huchangamka mara kwa mara mwenyewe, na anaweza kuwatia wenzake hamasa, ila akikaa siku kadhaa bila mazoezi ananuna. Lengo la maisha mpe la Bodybuilder, yaani mtunisha misuli, kwa sababu masharti yake yanakwenda njia moja na kazi, na mwisho wake anapata sifa ya kuishi muda mrefu. Hata hivyo huyu wako si wa kutupa. Kwa pointi za kuridhika anazopata kila anapotimiza matakwa yake kuna duka la zawadi, na dawa ya Moodlet Solver humo inajaza mahitaji yote papo hapo. Ni ya dharura, asubuhi ambayo umechelewa kila kitu. Ukiifanya ya kila siku utaishiwa pointi na hutakuwa umejifunza ratiba.

Kuhusu tawi. Ukipandishwa kwenda ngazi ya 5 gemu itakusimamisha na kukuuliza: mchezaji wa kulipwa au mtunisha misuli. Mchezaji anaanza ligi ndogo, anapita ugeni wa timu, kikosi cha kwanza, nyota wa ligi, mchezaji bora, mpaka jumba la mashujaa. Mtunisha misuli anaanza kama mkufunzi wa watu binafsi, anapanda akichanganya mashindano na kufundisha watu maarufu, juu kabisa ndiye Bwana au Bibi wa mfumo wa jua. Mazoezi yanatakiwa kote. Masharti mengine utayasoma kwenye dirisha la kazi kila ukipanda, lakini usingoje kuambiwa ndipo uanze ujuzi wa kuongea na watu. Mweke mbele ya kioo afanye mazoezi ya kuhutubia jioni ambazo misuli inapumzika. Haumchoshi mwili, na jioni ulikuwa unazipoteza.

Mimi kwako ningechagua mchezaji wa kulipwa. Wewe umezoea kwenda uwanja wa Jamhuri kuangalia timu ya Dodoma Jiji na unapenda kupanda kwa timu, majina ya ngazi zile yatakuvuta. Ukichagua vibaya, njia ya kubadili ni kuacha kazi na kuomba upya, na hapo unapoteza ulikofika. Kwa hiyo hifadhi gemu kabla ya zamu ile ambayo unaona kabisa atapanda ngazi ya 5. Ukijutia, unarudi pale.

Najua utanibishia kwamba mwanamichezo wa kweli hujiua kwa mazoezi. Mwangalie mkimbiaji Alphonce Simbu wetu wa Singida, marathoni ya Mashindano ya Dunia kule Tokyo Septemba 2025. Yeye na Mjerumani Amanal Petros walimaliza kwa muda mmoja, saa 2 dakika 9 na sekunde 48, Simbu akashinda kwa sehemu 3 za mia za sekunde. Kilometa 42 zilipoisha bado alikuwa na mguu wa kukimbilia. Mazoezi aliyafanya, ila siku ya mashindano miguu ilikuwa mizima.

Lingine la hatari, kwa sababu umesema kuna mzee nyumbani kwa Sim wako na naye umemtia jimu. Mtoe. Wazee kwenye The Sims 4 hufa kwa kuzidisha mazoezi. Alama itatokea ya kwamba amechoka kwa hatari. Ukiiona, mara moja mtoe kwenye mashine alale, na asiguse kitu cha kumtoa jasho mpaka alama iishe yenyewe. Akiendelea nayo, Mfalme wa Kifo anafika na mundu wake. Mzee anaweza kusaidia vizuri zaidi kwa kupika kile chakula cha saa kumi na moja.

Halafu umeme. Huku juzi umekatika mara tatu kwa siku moja, sidhani Mwanza mko salama zaidi. Usitegemee gemu ikuhifadhie. Hifadhi mwenyewe kila zamu inapoisha, na uwe na faili mbili za kupokezana. Ikikatika katikati na faili ikagoma kufunguka, kwenye ukurasa wa kupakia kuna kitufe cha Recover Save. Kinakuonyesha nakala za nyuma, chagua iliyo karibu zaidi.

Jaribu ratiba hiyo zamu tatu mfululizo bila kuipindua. Mstari wa utendaji ukibaki palepale, nipigie picha dirisha la kazi pamoja na alama za hisia zake dakika anapoondoka kwenda kazini, zote kwenye picha moja, unitumie jioni. Na hiyo mashine irudishe leo.

Ni mimi mama yako.