Barua kwa Mwanangu: Baba Naye Aseme Lugha ya Nyumbani

Mwanangu mpenzi,

Barua yako nimeisoma mara tatu, na kile kisa ulichoambatanisha nimekisoma kwa sauti nikiwa peke yangu, kwa sababu kisa cha kusimuliwa hakipimwi kwa macho. Unaniuliza kama umelivunjia heshima Neno la Mungu kwa kuwasimulia vijana habari za mwana mpotevu katika lugha yao ya mitaani, baada ya mzee mmoja kusimama mbele ya watu na kukuambia kwamba mambo matakatifu hayasemwi kihuni. Neno hukulivunjia heshima. Wapo watu uliowavunjia heshima bila kukusudia, na hao si wale aliowataja mzee.

Nianze na mzee mwenyewe, kwa kuwa hofu yake si ya kipuuzi. Lugha anayoitetea ni ile ya tafsiri ya Biblia iliyotoka mwaka 1952, ambayo wengi wetu tumeikariri tangu utotoni hata tukadhani ndivyo malaika wanavyozungumza. Lakini lugha hiyo nayo ilitokana na mapatano. Katika karne ya 19 Askofu Edward Steere alitafsiri kwa Kiunguja, lahaja ya kisiwa cha Unguja, wamisionari wa Mombasa hawakuridhika, nao wakaendelea na tafsiri yao ya Kimvita hadi Biblia nzima ikakamilika mwaka 1914, kwa hiyo kwa miaka mingi Wakristo wa Kiswahili walikuwa na Biblia mbili za lahaja mbili, na kila upande uliona ya mwenzake ina kasoro, hadi ile ya 1952 ikawapatanisha. Kinachosikika leo kama sauti ya madhabahuni kilikuwa, kwa sehemu kubwa, mazungumzo ya watu wa kisiwa kimoja.

Waislamu wa pwani walilimaliza jambo hili mapema kuliko sisi. Qurani waliisali kwa Kiarabu na hawakuigusa, lakini visa vya mitume waliviachia vitembee katika tendi, na subira ya Ayubu ikaimbwa kwa lahaja za kaskazini, zinazosema mato badala ya macho na nti badala ya nchi. Hapo pana tofauti ambayo ningependa uitaje kabla ya kuanza kusimulia: andiko ni andiko, na simulizi ni simulizi. Ukiwaambia wasikilizaji kwamba unachokitoa ni simulizi, na kwamba andiko lenyewe lipo na wataenda kulisoma, nusu ya hoja ya mzee itakuwa imejibiwa bila mabishano. Nusu nyingine hujibiwa na Agano Jipya lenyewe, ambalo halikuandikwa kwa Kigiriki cha washairi wakuu bali kwa kile cha kawaida, kilichotumika kuandikia barua za nyumbani na hati za madeni.

Sasa nije kwenye kosa ninaloliona mimi. Kijana wako anasema, “Mshua, nigawie changu nisepe,” nami nikacheka, kwa sababu ndivyo hasa kijana wa namna hiyo angesema. Baba yake anajibu, “Mwanangu, nimelisikia ombi lako na nitalitekeleza.” Mwenye nguruwe, ambaye katika Luka hasemi hata neno moja, umempa lafudhi ya watu wa mashambani, ukamfanya achanganye r na l, na sina shaka hapo ndipo ukumbi ulipoangua kicheko. Zipange sauti hizo tatu uone ulichokihubiri: mpotevu anasema lugha ya mtaani, mshamba anasema lafudhi ya kijijini, na yule anayesimama badala ya Mungu anasema Kiswahili cha ofisini. Vijana wale walikuja wakidhani wameletewa kisa katika lugha yao, wakaondoka wakiwa wamefundishwa kwamba lugha yao ni ya kupotelea, na kwamba atakayewapokea siku ya kurudi haijui.

Biblia inalijua jambo hili kwa uchungu. Katika Waamuzi 12, watu wa Gileadi walishika vivuko vya Yordani, na kila aliyetaka kuvuka akaambiwa atamke neno Shibolethi, ili adui zao wa Efraimu watambulike kwa matamshi. Mwefraimu aliposema Sibolethi alichinjwa, na hesabu iliyoandikwa ni watu 42,000. Petro naye, usiku ule uani kwa kuhani mkuu, alitambuliwa kwa usemi wake wa Kigalilaya. Ndiyo maana kile kicheko cha r na l kilinikaa vibaya. Huenda miongoni mwa waliokuwa wameketi pale yupo ambaye nyumbani kwao ndivyo wanavyotamka.

Waliofanya kazi hii vizuri, kwa kadiri ninavyojua, hawakuigawa lahaja kwa vyeo. Upo utenzi wa Kisaksoni wa karne ya 9, wenye karibu mistari 6,000, uliosimulia maisha ya Yesu kwa watu waliokuwa wameingizwa katika Ukristo kwa upanga wa Karolo Mkuu. Wachungaji wa Bethlehemu wamekuwa walinzi wa farasi, na wanafunzi ni mashujaa wanaomfuata bwana wao. Lakini Yesu, Herode na askari wote wanasema lugha moja, ile ya wasikilizaji. Mskoti William Lorimer, ambaye Agano Jipya lake la Kiskoti lilichapishwa mwaka 1983 baada ya kufa kwake, aliwahi kuandika kisa cha majaribu jangwani ambamo Shetani peke yake ndiye anayesema Kiingereza sanifu. Ni utani, nakubali, tena utani mkali, lakini tazama umemwangukia nani.

Clarence Jordan alikwenda mbali zaidi. Alikuwa mkulima na mhubiri wa Georgia, Marekani, mwenye shahada ya udaktari katika Kigiriki cha Agano Jipya, ambaye mwaka 1942 alishiriki kuanzisha shamba la watu wa rangi zote kuishi pamoja, wakati majirani zake hawakutaka hata kulisikia wazo hilo. Injili aliihamishia katika usemi wa Kusini, na katika kisa cha Msamaria mwema barabara ya Yerusalemu na Yeriko akaifanya ya Atlanta na Albany, miji ya huko Georgia. Aliyeporwa ni mzungu, na aliyemhurumia ni mtu mweusi. Msikilizaji wa huko alianza kwa kutabasamu kwa kuwa amesikia mazungumzo ya nyumbani kwao, na tabasamu hilo likafa alipofika kwa Msamaria. Usemi wa nyumbani ulikuwa umemfungulia mlango, na kisa kikaingia.

Kuhusu kukichapa kisa chako kama kijitabu, nakushauri usichape. Misimu huchakaa upesi, na nisepe yako huenda ikawachekesha watoto wa vijana hawa kwa sababu ambayo hukuikusudia. Sema kwa mdomo, na kila mwaka useme upya.

Ila Kiswahili sanifu usikitupe, kwa kuwa Luka amekuachia mahali pake. Kijana akiwa bado kwa nguruwe anaitunga hotuba ya kumpelekea baba yake, nayo ina sehemu tatu: nimekosa, sistahili, nifanye kama mmoja wa watumishi wako. Hotuba hiyo ndiyo inayostahili kusemwa kama barua ya kuomba kazi, kwa sababu kijana anajiandaa kukutana na mwajiri. Mwache aikariri njia nzima, akijirekebisha sarufi. Anapofika anasema sehemu ya kwanza na ya pili, na ile ya tatu haisemi kamwe. Baba ameshaagiza vazi. Hapo baba amkatize kwa lugha ileile ambayo kijana aliondoka nayo.

Maneno yenyewe sitakutungia. Mwaka 1530 Martin Luther, aliyetafsiri Biblia kwa Kijerumani, aliwajibu walioilaumu tafsiri yake kwamba lugha haiombwi kwa vitabu vya Kilatini, bali huulizwa kwa mama nyumbani, kwa watoto njiani na kwa mtu wa kawaida sokoni. Nawe waulize vijana wako: baba yako angesema nini angekuona unatokea kwa mbali? Wapo watakaojibu upesi huku wakicheka, na wapo watakaonyamaza; hao usiwalazimishe. Utakayoyapata niandikie kabla ya kuyasimulia tena, niyasome kwa sauti.

Mama yako akupendaye