Maswali ya Wasomaji: Mateka wa vita, kuanzia kadi hadi sahani

Tuliomba maswali kuhusu mateka wa vita, na barua zimetoka Goma, Bukavu, hadi Lubumbashi. Tumechagua tano. Karibu kila jibu linarudi kwenye jambo moja: jina la mateka limeandikwa wapi, na nani ana orodha hiyo? Tunaamini kwamba orodha imeokoa watu wengi kuliko huruma ya walinzi.

Wakubwa wa gazeti, jambo. Nasoma sheria hapa Goma. Askari akikamatwa vitani, ni mfungwa kama yule wa buloko? Na akihojiwa, analazimika kusema nini?
*Mwanafunzi, Goma*

Hapana, ndugu. Mtu wa buloko anashikiliwa kwa kosa. Mateka wa vita hana kosa kwa sababu tu alipigana chini ya jeshi la nchi yake. Anazuiliwa ili asirudi kwenye mapigano, basi. Sheria yake kuu ni Mkataba wa Tatu wa Geneva wa tarehe 12 Agosti 1949. Kukiwa na shaka kama mtu ni mateka wa vita au siye, kifungu cha 5 kinataka alindwe kama mateka hadi mahakama iamue.

Analazimika kutaja mambo manne tu: majina yake, cheo, tarehe ya kuzaliwa, na namba yake ya jeshi. Akikataa hata hayo, anaweza kupoteza nafuu za cheo chake, lakini hawezi kupigwa wala kutishwa ili aseme zaidi.

Anapopekuliwa, silaha na karatasi za kijeshi zinachukuliwa. Nguo zake, vyombo vya kulia, kofia ya chuma, alama za cheo na vitu vya kumbukumbu kama pete au picha ya mtoto, hivyo ni vyake. Fedha haziwezi kuchukuliwa bila amri ya ofisa, na lazima apewe risiti yenye jina, cheo na kikosi cha aliyeitoa, kwa maandishi yanayosomeka. Kitambulisho hakichukuliwi kamwe.

Halafu inakuja kadi, na hapa tunakuomba usome polepole. Kwa kifungu cha 70, ndani ya juma moja tangu afike kambini, hata kama ni kambi ya kupita tu, mateka apewe nafasi ya kuandika kadi mbili: moja kwa familia yake, nyingine kwa ofisi kuu ya Msalaba Mwekundu ya kutafuta watu iliyoko Geneva. Anaandika kwamba amekamatwa, yuko wapi na afya yake ikoje. Siku kadi hiyo inapofika Geneva, jeshi lililomkamata haliwezi tena kusema kwamba halimjui. Hatari kubwa iko kabla ya hapo, kati ya kukamatwa na kuandikwa: njiani, usiku, mikononi mwa askari wenye hasira. Ndiyo sababu sheria inadai mateka waondolewe haraka karibu na mapigano.

Marehemu babu alisema mateka Wazungu wa vita vya Hitler walikula chokoleti, na wengine wakafa njaa. Ni kweli yote mawili?
*Mama msomaji, Kadutu, Bukavu*

Kweli yote mawili, Mama, na tofauti haikuletwa na bahati.

Waingereza na Wamarekani walioshikwa na Ujerumani walikuwa kwenye orodha za Geneva, kwa hiyo vifurushi vya Msalaba Mwekundu viliwafuata. Kifurushi kimoja kilikuwa na uzito wa kilo 5 hivi. Cha Wamarekani kilibeba maziwa ya unga, nyama na samaki wa kopo, siagi ya mimea, jibini, sukari, zabibu kavu au matunda mengine makavu, biskuti, kahawa, chokoleti, sabuni na sigara. Kilikusudiwa mtu mmoja kwa juma moja, lakini mara nyingi watu wawili au zaidi waligawana kimoja. Mgao wa kambi wenyewe ulikuwa mkate mweusi, viazi na supu nyepesi.

Walinzi Wajerumani walitoboa makopo ili mateka wasiweke akiba ya safari ya kutoroka. Kopo lililotobolewa haliwezi kukaa. Kwa hiyo watu waliunda vikundi vya kula pamoja: leo linafunguliwa kopo la huyu, kesho la yule, na hakuna kinachooza. Aliyekula peke yake alipata hasara.

Sigara zilikuwa fedha ya kambi. Mkate ulikuwa na bei yake ya sigara, sabuni vilevile. Shehena ya sigara ikifika, bei zilipanda. Vifurushi vikichelewa, watu walivuta ile fedha yenyewe na bei zikashuka. Sigara nzuri zilivutwa, mbaya zikabaki kuzunguka mkononi. Mtu yeyote wa soko la Kadutu anaielewa biashara hiyo bila kufundishwa.

Sasa upande mwingine. Ujerumani ilikamata karibu askari milioni 5.7 wa Umoja wa Kisovieti, na karibu milioni 3.3 walikufa kwa njaa, baridi, magonjwa na risasi. Kisingizio kilikuwa kwamba nchi yao haikutia sahihi mkataba wa mateka wa 1929. Hakukuwa na orodha Geneva wala vifurushi, na wengi waliachwa uwanjani wakichimba mashimo kwa mikono ili walale. Waitaliano nao, baada ya nchi yao kuacha vita Septemba 1943, walikamatwa kwa mamia ya maelfu na Ujerumani ikawapa jina jipya, "wanajeshi waliozuiliwa", ili wasihesabiwe kuwa mateka. Msalaba Mwekundu ukafungiwa mlango.

Kwa Wajapani, reli ya kilomita 415 kati ya Siamu (Thailand ya leo) na Burma (Myanmar) ilijengwa mwaka 1942 na 1943 na mateka wapatao 60,000. Zaidi ya 12,000 walikufa, na vibarua wa Asia waliokufa ni wengi zaidi ya hao. Mgao ulikuwa mchele mweupe uliokobolewa sana. Ganda la mchele likiondolewa, vitamini B1 inaondoka nalo, na ugonjwa wa beriberi unaingia: miguu inavimba au inakufa ganzi, kisha moyo unachoka. Madaktari mateka walipigania kupata pumba za mchele na hamira, vitu ambavyo mpishi anavitupa.

Na hili lichukueni kama onyo la nyumbani. Mtu aliyekaa siku nyingi bila kula, akiachiwa, asipewe sahani kubwa ya bukari na nyama. Mwili wenye njaa umemaliza fosfeti yake, madini ambayo seli zinayahitaji ili zifanye kazi. Sukari ikiingia kwa wingi, ile iliyobaki inavutwa kutoka kwenye damu kuingia kwenye seli, na moyo au pumzi inaweza kusimama ndani ya siku chache. Wengi walikufa hivyo mwaka 1945 mbele ya watu waliowapenda. Mpelekeni kituo cha afya kwanza. Kule wanaanza na chakula kidogo sana, mara nyingi kwa siku, pamoja na vitamini B1, wakiongeza polepole.

Mateka akitoroka na kukamatwa tena, wanaruhusiwa kumuua?
*Kijana wa Himbi, Goma*

Hapana. Kutoroka bila kuumiza mtu kunaadhibiwa kwa nidhamu tu, na adhabu hiyo haizidi siku 30. Mlinzi anaweza kumpiga risasi anayekimbia, lakini hiyo ni hatua ya mwisho kabisa, tena baada ya kumwonya.

Mwaka 1943 Waitaliano watatu, Felice Benuzzi na wenzake wawili, walitoroka kambi ya Waingereza huko Nanyuki, Kenya, ili wapande tu Mlima Kenya. Walitengeneza vyuma vya kukanyagia barafu kutokana na mabati, wakaweka akiba ya chakula kwa miezi, na ramani mojawapo ilikuwa picha ya mlima kwenye karatasi ya kopo la nyama. Walisimika bendera kwenye kilele cha Lenana, wakarudi wenyewe kambini. Wakapewa siku 28 za kifungo cha peke yao, zikapunguzwa kuwa 7.

Linganisha na Sagan, kambi ya Wajerumani ya marubani waliotekwa, usiku wa 24 Machi 1944. Marubani walichimba handaki lenye urefu wa zaidi ya mita 100, mita 9 chini ya ardhi ili vyombo vya walinzi vya kunasa sauti visisikie. Kuta zilishikiliwa na mbao za vitanda, na bomba la hewa liliungwa kwa makopo ya maziwa ya vifurushi. Tundu la kutokea likaja kufunguka kabla ya kufika msituni. Walitoka 76, watatu wakafika salama, na kati ya 73 waliokamatwa, 50 waliuawa kwa amri ya Hitler. Yalikuwa mauaji ya kivita, na wahusika kadhaa walinyongwa baada ya vita.

Babu zetu wa Force Publique waliteka Waitaliano kule Saio mwaka 1941. Na askari mweusi aliyetekwa na Wajerumani, aliishi vipi?
*Mwalimu mstaafu, Katuba, Lubumbashi*

Ndiyo, Mzee, Jenerali Gazzera wa Italia alijisalimisha Saio, Ethiopia, kwa Force Publique, jeshi la Kongo ya Wabelgiji, Julai 1941 pamoja na majenerali wenzake na maelfu ya askari, nao wakahesabiwa na kulishwa kama mateka.

Askari weusi wa jeshi la Ufaransa waliotekwa mwaka 1940 hawakupata haki hiyo kamili. Wengine waliuawa baada ya kuweka silaha chini, kama Chasselay karibu na Lyon mwezi Juni. Waliobaki walizuiliwa Ufaransa kwenyewe, kwa kuwa Wanazi hawakutaka watu weusi kwenye ardhi ya Ujerumani, wakafanya kazi za misitu na mashamba. Léopold Sédar Senghor, aliyekuja kuwa rais wa Senegal, alikuwa mmoja wao.

Kisha yakaja ya Thiaroye, karibu na Dakar. Mateka waliorudi walidai mishahara yao ya miaka ya utekwa. Tarehe 1 Desemba 1944 jeshi la Ufaransa liliwafyatulia risasi. Kwa miaka mingi serikali ilitaja wafu 35. Wanahistoria wengi wanasema walikuwa zaidi sana. Ni mwaka 2024 tu ndipo rais wa Ufaransa alikiri kwamba yalikuwa mauaji ya halaiki. Majina ya wafu wote hayajapatikana hadi leo, na hilo linatuuma.

Mtoto wa dada yangu alichukuliwa na watu wenye silaha. Nianzie wapi? Aksanti.
*Mama, Goma*

Pole sana, Mama yetu. Katika vita kati ya serikali na makundi ndani ya nchi, aliyekamatwa hapewi hadhi ya mateka wa vita, lakini kifungu cha 3 cha mikataba yote minne ya Geneva kinamlinda: asiuawe, asiteswe, asihukumiwe bila mahakama halali.

Nenda kwenye komite ya Msalaba Mwekundu iliyo karibu, ufungue ombi la kutafuta ndugu. Beba jina, postinomu na prenomu yake, pamoja na jina la utani, majina ya baba na mama, mwaka na mahali alipozaliwa, picha, siku na mahali alipoonekana mara ya mwisho, na alivyokuwa amevaa. Ombi moja mara nyingi linakwama kwa sababu mtoto aliandikishwa kwa prenomu kule, huku nyumbani wametoa postinomu peke yake.

Akipatikana, mnaweza kuandikiana kwa karatasi ya ujumbe wa familia. Haifungwi kwenye bahasha na itasomwa na wanaomshikilia, kwa hiyo andika habari za nyumbani tu: nani amezaliwa, nani mgonjwa, mko wapi. Neno moja kuhusu askari au siasa linaweza kuizuia, au kumletea yeye shida. Kama ni mtu mzima, anwani yake hupewi mpaka mwenyewe akubali.

Huduma ni ya bure. Anayekuomba franka ili "afuatilie dosie" si wa Msalaba Mwekundu. Na mkihama, kutoka kartie moja kwenda nyingine au kutoka sité ya wakimbizi, rudi ofisini siku hizohizo utoe avenyu mpya na namba ya simu ya jirani wa kuaminika.